Ugonjwa wa Brian Piccolo: Ulikuwa Nini, na Kwa Nini Leo Wengi Huupona

Mpwa wangu ana umri wa miaka 17 na hucheza winga wa kulia katika timu ya shule yake. Jumamosi moja tuliketi naye kutazama Brian's Song, filamu ya Marekani ya mwaka 1971 inayosimulia habari za mchezaji kijana aliyepatwa na saratani. Ilipofika mahali ambapo mtu tuliyemwona uwanjani sasa amelala kitandani hospitalini, alinigeukia akauliza: "Mjomba, huyu si alikuwa anakimbia juzi tu? Huo ugonjwa ulikuwa umekaa wapi?" Mama yake, aliyekuwa akichambua mchele pale pale sebuleni, alimjibu kabla sijafungua kinywa: "Kansa hiyo, mwanangu. Ikishakushika haina dawa."

Swali la mpwa wangu na jibu la dada yangu nimeyasikia kwa watu wengi mno, na kila habari za mwanamichezo mgonjwa zinapotangazwa huibuka upya. Swali ni zuri na lina jibu linaloeleweka. Jibu lile, kwa ugonjwa huu mmoja unaooneshwa katika filamu hii, lilikuwa karibu na ukweli mwaka 1970, lakini limekoma kuwa kweli kwa karibu nusu karne, na bado wapo vijana wanaoficha uvimbe kwa sababu wanaliamini.

Tuanze na watu wenyewe, kwa kuwa hawakubuniwa. Brian Piccolo alikuwa mchezaji wa Chicago Bears, timu ya mpira wa Kimarekani, ule ambao mpira wake umechongoka pande mbili na hubebwa mikononi zaidi ya kupigwa teke. Kazi yake ilikuwa kuukumbatia mpira na kupenya nao katikati ya wanaume wazito waliokusudia kumwangusha. Mwaka 1964, akiwa chuo kikuu cha Wake Forest, aliongoza nchi nzima miongoni mwa wachezaji wa vyuo kwa yadi alizokimbia na mpira, na bado hakuna timu ya kulipwa iliyomchagua katika mgawo wa wachezaji wapya. Aliingia Chicago kwa mlango wa nyuma, akapangwa nafasi ile ile ya Gale Sayers, mmoja wa wakimbiaji bora ambao mchezo huo umewahi kuwa nao. Sayers alikuwa Mweusi na Piccolo alikuwa Mzungu, na mwaka 1967 waliwekwa chumba kimoja safarini, jambo ambalo timu hiyo haikuwa imelifanya kabla yao. Sayers alipoumia goti vibaya Novemba 1968, Piccolo ndiye aliyemhimiza kila siku katika mazoezi ya kurudi uwanjani, ingawa kurudi kwake kulimaanisha Piccolo kurudi benchi.

Tarehe 16 Novemba 1969, timu yao ilipocheza na Atlanta, Piccolo alifunga na muda mfupi baadaye akajitoa mwenyewe uwanjani kwa kukosa pumzi. Alikuwa amekohoa kwa muda. Picha ya kifua ilionesha uvimbe. Alipasuliwa katika hospitali ya saratani ya Memorial Sloan Kettering, New York, ugonjwa ukarudi, akapasuliwa tena, na tarehe 16 Juni 1970, miezi saba kamili baada ya mechi ile, alifariki akiwa na miaka 26. Filamu ilioneshwa katika televisheni ya ABC tarehe 30 Novemba 1971, James Caan akiigiza kama Piccolo na Billy Dee Williams kama Sayers. Haikukusudiwa kuwa darasa la tiba. Ilikusudiwa kutuonesha urafiki, na kwa hilo naiona kuwa miongoni mwa kazi za haki kabisa zilizowahi kufanywa juu ya wanaume wawili. Lakini mtazamaji hubaki na pengo: ameona kikohozi, ameona kisu, ameona kifo, na hajui kimetokea nini katikati.

Ugonjwa wenyewe

Mwili umejengwa kwa seli, chembe hai ndogo zisizoonekana kwa macho, na kila seli ina utaratibu wa kujigawa inapohitajika na kuacha inapotosha. Saratani ni hali ya kundi la seli kupoteza utaratibu huo, zikaendelea kujigawa bila kikomo na hatimaye kuvamia sehemu nyingine za mwili. Uvimbe ni lile fundo linaloundwa na seli nyingi zilizokusanyika, na si kila uvimbe ni saratani, kwa kuwa upo usiovamia wala kusambaa. Tena saratani si ugonjwa mmoja. Ni jina la ukoo wenye magonjwa mengi, na kusema "kansa haina dawa" ni sawa na kusema "homa haina dawa" bila kuuliza kama ni mafua, malaria au homa ya matumbo.

Ya Piccolo ilitokana na seli za uzazi, yaani seli ambazo kwa mwanamume huzalisha mbegu na kwa mwanamke huzalisha mayai. Kwa wanaume saratani za aina hii huanzia karibu zote kwenye korodani. Yake ilianzia kifuani, katikati ya mapafu mawili, mbele ya moyo. Hapo ndipo watu huchanganyikiwa, na wana haki: seli za uzazi zinatafuta nini kifuani?

Jibu linatupeleka kwenye majuma ya kwanza ya mimba. Seli za uzazi hazizaliwi mahali zitakapofanyia kazi. Huanza zikiwa nje kidogo ya mwili wa kiinitete, kisha husafiri kufuata mstari wa katikati ya mwili mpaka zifike mahali ambapo korodani au mifuko ya mayai itajengwa. Fikiria basi linalotoka Dar es Salaam kwenda Mwanza. Abiria wote wamekata tiketi ya Mwanza, lakini wachache wanashuka Dodoma au Singida na basi linawaacha. Maelezo ambayo madaktari wengi huyakubali ni kwamba seli chache hupotea njia namna hiyo. Nyingi hufa bila madhara. Mara chache sana moja hubaki hai mahali pasipo pake, ikakaa kimya miaka mingi, kisha katika ujana ikaanza kujigawa. Piccolo hakufanya lolote kuupata ugonjwa huu. Hakuvuta kitu fulani, hakula kitu fulani, hakupigwa na mtu fulani.

Na sasa lile swali la mpwa wangu, ugonjwa ulikaa wapi wakati mtu anakimbia. Nilichukua punje moja ya mchele kutoka kwenye sinia la dada yangu nikaiweka mezani. Nikamwambia kila nikipiga kofi, punje zinaongezeka maradufu: mbili, nne, nane. Baada ya makofi 10 tuna punje 1,024, konzi moja ndogo isiyoweza hata kumshibisha mtoto. Baada ya makofi 20 tunapita punje milioni moja, karibu mfuko wa kilo 20. Baada ya makofi 30 ni bilioni moja, tani zaidi ya 20, na hapo tunahitaji lori. Seli ni ndogo kuliko mchele kwa kiasi kisichosemeka, kwa hiyo seli bilioni moja hufanya uvimbe wa takriban sentimita moja tu, kama punje ya karanga. Yaani uvimbe unapofika ukubwa ambao daktari anaweza kuuona kwa urahisi, umekwisha kujigawa mara 30 kimyakimya. Ukijigawa mara 10 nyingine unakuwa kama embe dodo. Safari yake kubwa hufanyika gizani, na ile tunayoiona ni ya mwisho. Ndiyo maana ugonjwa huonekana kana kwamba umekuja ghafla.

Kwa mwanamichezo kuna jambo la ziada. Mapafu na moyo wake vina akiba kubwa kuliko ya mtu wa kawaida. Nyumba yenye tangi la lita 5,000 juu ya paa inaweza kuvuja wiki nzima bila mwenye nyumba kujua, kwa sababu bomba la jikoni bado linatoa maji kwa nguvu. Nyumba ya jirani yenye ndoo mbili hugundua tundu siku ile ile. Mtu aliyezoea kukimbia hupoteza sehemu ya pumzi yake na bado akampita kila mtu mtaani, akadhani amechoka tu au hajafanya mazoezi vizuri. Kwa hiyo afya ya mwanamichezo haimkingi na ugonjwa wa aina hii, na wakati mwingine humficha mgonjwa asijione.

Yanayosemwa, na yaliyo kweli

La kwanza ambalo husikika viwanjani ni kwamba teke au mpira uliompiga mtu sehemu za siri huleta saratani. Hakuna ushahidi wa hilo. Kinachotokea ni kwamba kijana akiumia hujishika na kujikagua, na hapo hugundua fundo ambalo lilikuwapo tangu awali, kisha pigo linabebeshwa lawama.

La pili ni la kisu. Watazamaji wengi huona Piccolo anapasuliwa, anapata nafuu, kisha ugonjwa unarudi kwa nguvu, wakahitimisha kwamba upasuaji ndio ulioukasirisha. Imani hii naifahamu vizuri katika koo zetu, na nimeona mzee anayeheshimiwa akikataa kupelekwa hospitali kwa ajili yake. Ukweli ni kwamba wakati wa upasuaji mbegu za ugonjwa huwa zimekwisha kutawanyika, mithili ya shamba ambalo magugu yamekwisha kumwaga mbegu: ukiyang'oa yote yanayoonekana leo, mvua ijayo yatachipua mengine. Kisu kiliondoa kilichoonekana. Kilichokosekana ni dawa ya kufika kwenye mbegu. Hata hivyo ndani ya imani hii mna chembe ya kweli inayostahili kutajwa: kwa uvimbe wa korodani, daktari mwenye ujuzi hapasui mfuko wenyewe ili kuchukua kipande, bali huiondoa korodani yote kwa kupitia kinenani, kwa sababu kuukata mfuko kunaweza kuvuruga njia ambayo ugonjwa hufuata. Kwa hiyo jambo la kumwuliza daktari ni njia ya upasuaji atakayoitumia, na si sababu ya kuukimbia upasuaji.

La tatu ndilo linalofanya vijana wanyamaze: kwamba kupoteza korodani moja ni kupoteza uanaume. Korodani moja iliyo nzima kwa kawaida hutosha kwa homoni za kiume, kwa tendo la ndoa na kwa kuzaa. Dawa kali zinaweza kupunguza mbegu kwa muda au, kwa baadhi, kabisa, na kwa sababu hiyo mgonjwa anayetaka watoto aulize juu ya kuhifadhi mbegu kabla ya kuanza tiba. Na kwamba saratani hii huambukizwa kwa kushiriki taulo, chumba au kitanda, hilo si kweli hata kidogo. Sayers alilala chumba kimoja na rafiki yake na hakupata chochote ila huzuni.

Dawa ambayo haikuwapo

Mwaka 1965, Barnett Rosenberg wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Michigan alikuwa akichunguza jinsi umeme unavyoathiri bakteria. Alipitisha umeme kwenye chombo chenye bakteria kwa kutumia vipande vya platinamu, madini ambayo masonara huyatumia kutengeneza pete za thamani. Bakteria wale waliendelea kukua lakini waliacha kugawanyika, wakawa nyuzi ndefu, baadhi yao mara 300 ya urefu wa kawaida. Ni kama unga wa maandazi unaoumuka na kuumuka bila mtu kuukata. Baada ya uchunguzi mrefu iligundulika kwamba si umeme wenyewe uliowazuia. Ulikuwa umeiyeyusha platinamu kidogo, nayo ikaunda kemikali inayozuia seli kujigawa. Mtu anayetafuta dawa ya seli zisizojua kuacha kujigawa hawezi kupewa dokezo zuri zaidi ya hilo. Kemikali hiyo ndiyo sisplatini.

Dawa ya namna hii huitwa tibakemikali. Huingizwa kwenye mshipa na kuzunguka mwili mzima, kwa hiyo inafika kule kisu kisikofika. Hushambulia seli zinazojigawa kwa kasi, na humwonea pia asiyehusika, ndiyo maana nywele hunyonyoka na tumbo huchafuka. Lakini saratani ya seli za uzazi ina udhaifu ambao nyingine nyingi hazina. Seli ya uzazi imeumbwa kubeba urithi wa kizazi kijacho, na maumbile yameiwekea masharti makali: urithi huo ukiharibika, seli hujiua kuliko kuupitisha kwa mtoto. Hata ikigeuka saratani, mara nyingi hubaki na silika hiyo. Sisplatini inapouharibu urithi ulio ndani yake, seli haijaribu sana kujitengeneza. Inakufa.

Mwaka 1974, Lawrence Einhorn wa Chuo Kikuu cha Indiana aliichanganya sisplatini na dawa nyingine mbili, akawapa vijana waliokuwa na saratani ya korodani iliyokwisha kusambaa. Kabla ya hapo, katika kila wagonjwa 100 wa hali hiyo walipona 5 hadi 10. Leo, ukiwahesabu wagonjwa wote wa saratani ya korodani katika nchi zenye huduma nzuri, takriban 95 katika kila 100 wako hai miaka mitano baada ya kugunduliwa, na hata ambao ugonjwa umesambaa kwa kiasi wengi hupona. Mfuko wa utafiti ulioanzishwa kwa jina la Piccolo uliuchangia utafiti wa ugonjwa huu, na baada ya tiba kupatikana ukaelekeza nguvu zake kwenye saratani ya matiti. Mtu aliyekufa mwaka 1970 alikosa dawa hiyo kwa miaka minne.

Msomaji wetu ana mfano ulio karibu zaidi kuliko Chicago. Julai 2022, mshambuliaji wa Côte d'Ivoire, Sébastien Haller, alikuwa amejiunga tu na Borussia Dortmund alipojisikia vibaya kambini nchini Uswisi, akapimwa, akakutwa na uvimbe wa korodani. Alipasuliwa mara mbili na kupewa mizunguko minne ya tibakemikali. Tarehe 4 Februari 2023, ambayo ni Siku ya Saratani Duniani, aliifungia Dortmund bao lake la kwanza. Na tarehe 11 Februari 2024, katika fainali ya Kombe la Mataifa ya Afrika mjini Abidjan, dakika ya 81, krosi ya Simon Adingra ilipokuja alinyoosha mguu mbele ya beki, akaugusa mpira kidogo tu, na Nigeria ikafungwa 2 kwa 1. Niliitazama mechi ile kwenye banda lililojaa watu, na mtu mmoja nyuma yangu alishangilia akisema jamaa huyu alisingiziwa, kwamba asingeweza kuwa alikuwa na kansa kweli. Hakusingiziwa. Alitibiwa.

Kwa kijana anayesoma haya

Saratani ya korodani ni adimu kwa Waafrika, kwa hiyo sisemi haya ili mtu akose usingizi. Huwapata zaidi vijana wa kati ya miaka 15 na 35, na hatari huongezeka kwa yule ambaye korodani yake haikushuka utotoni. Dalili kuu ni fundo gumu au uzito upande mmoja, na mara nyingi hakuna maumivu, jambo linalowadanganya wengi. Baada ya kuoga maji ya moto, mfuko ukiwa umelegea, kila korodani huzungushwa taratibu kati ya kidole gumba na vidole vingine. Ukikuta kitu ambacho hakikuwapo, daktari ataanza na kipimo cha ultrasaundi, ambacho hakiumi, na damu. Moja ya vitu vinavyotafutwa kwenye damu ni ile homoni inayotambuliwa na kipimo cha mimba, kwa kuwa baadhi ya uvimbe huu huizalisha. Usiende kununua kipimo cha mimba dukani kwa sababu hiyo, maana kipimo kikikataa hakithibitishi kwamba mtu ni mzima.

Kuhusu kifua, kwetu mtu anayekohoa kwa zaidi ya wiki mbili hupimwa kifua kikuu kwanza, na ndivyo inavyopaswa. Kosa huja pale kipimo cha makohozi kinapoonesha hakuna kifua kikuu, kikohozi kikaendelea, na mtu akaridhika na dawa ya kikohozi mwezi baada ya mwezi bila picha ya eksirei. Sisplatini imo katika orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani. Tiba ya saratani hutolewa Taasisi ya Saratani Ocean Road jijini Dar es Salaam, na pia katika Hospitali ya Rufaa na Mafunzo ya Moi mjini Eldoret, ambayo ina ushirikiano wa miaka mingi na Chuo Kikuu cha Indiana, chuo kile kile cha Einhorn.

Dada yangu, baada ya kunisikiliza mpaka mchele ukaisha kuchambuliwa, aliuliza swali ambalo mpwa wangu hakulifikiria: je, huyu Piccolo angeugua leo, angepona? Nilimjibu bila kumpamba. Uvimbe wa aina yake unapoanzia kifuani ni mgumu kuliko wa korodani hata kwa dawa za sasa, na hupona takriban nusu ya wagonjwa, si 95 katika 100. Lakini mpangilio wa tiba yake ungekuwa kinyume cha ule tuliouona kwenye filamu. Asingeanza na kisu. Angepewa kwanza mizunguko minne ya dawa yenye sisplatini, daktari akifuatilia damu yake kila mara kuona kama viashiria vya ugonjwa vinashuka, na madaktari wa upasuaji wangeingia mwishoni kuondoa mabaki. Dada yangu alikaa kimya kidogo, kisha akamwambia mwanawe arudishe filamu nyuma, pale Sayers anaposimama mbele ya watu kupokea tuzo ya ujasiri na kusema kwamba mwenye tuzo hiyo ni Brian.